Kioo Kivutwapo: Mpaka wa Mvuto katika Mikongo ya Mawasiliano

Ukiuchukua uzi mmoja wa kioo kutoka ndani ya mkongo wa mawasiliano, ukaukata kipande cha urefu wa mkono, ukazizungusha ncha zake mara kadhaa kwenye kalamu mbili na kuzibandika kwa utepe ili uzi usije ukavunjika penye fundo, kisha ukatundika chini yake mfuko wa kilo moja ya sukari, uzi huo, ambao unene wake hauupiti sana unywele wa mtu, utaistahimili sukari hiyo kana kwamba hapana kitu. Waweza kuongeza kilo ya pili na ya tatu, na huenda usione dalili yoyote. Lakini ukiikwangua ngozi yake ya plastiki, ukakigusa kioo chenyewe kwa ncha ya kisu, mguso mwepesi ambao jicho halioni hata alama yake, kisha ukaitundika tena ile kilo moja ya kwanza, uzi utakatika mara moja. Kioo ni kile kile na mzigo ni ule ule uliobebwa bila taabu dakika tano zilizopita. Lililozidi ni jeraha lisiloonekana, na habari ya jeraha hilo, jinsi linavyozaliwa, linavyolala na linavyokua, ndiyo habari yote ya mpaka wa mvuto.

Mafundi huliuliza swali hili kila siku: mkongo waweza kuvutwa kwa nguvu kiasi gani pasipo kudhurika? Karatasi za watengenezaji hulijibu kwa tarakimu mbili. Kwa mikongo mingi ya nje, ile ya kuzikwa au ya kupitishwa ndani ya mabomba, tarakimu ya kwanza ni nyutoni 2,700 hivi wakati wa kuvuta, ambazo ni sawa na uzito wa kilo 275, na ya pili ni takriban nyutoni 800, chini kidogo ya theluthi ya ile ya kwanza, kwa maisha yote ya mkongo baada ya kuwekwa. Mtu mwenye haraka huisoma ya kwanza na kuiacha ya pili. Mimi naona kwamba kuwapo kwa tarakimu mbili, badala ya moja, ndiko kunakopasa kumshangaza msomaji; kwa maana kamba ya katani yenye kubeba kilo 275 leo, hatuna desturi ya kuiuliza je, kesho itabeba ngapi. Kwa kioo sharti tuulize, kwa kuwa mpaka wa mvuto wake umefungamana na muda, na mtu akiutaja bila kuutaja muda hajasema lolote la maana.

Kabla ya kuendelea, neno moja juu ya majina. Tanzania husema mkongo, na serikali imelithibitisha jina hilo katika Mkongo wa Taifa wa Mawasiliano. Kenya aghalabu utasikia mkonga, kama ule wa ndovu. Na vijana wa mitaani wa pande zote mbili husema faiba tu. Hapa nitasema mkongo kwa kitu kizima, pamoja na ngozi na mifupa yake, na uzi kwa kile kioo chembamba kinachopitisha nuru, kwa sababu anayechanganya viwili hivi hawezi kuelewa ni kipi kinachovutwa na ni kipi kinachopaswa kisivutwe.

Uzi una kipenyo cha mikroni 125, yaani milimita moja igawanywe mara nane. Katikati yake mna kiini cha mikroni 9 hivi ambamo nuru hupita, na juu ya kioo hupakwa ngozi laini ya plastiki inayouongeza uzi hadi mikroni 250. Charles Kao na mwenzake George Hockham walipoandika mwaka 1966 kwamba kioo kikisafishwa vya kutosha chaweza kuchukua habari kwa njia ya nuru, na wataalamu wa Corning huko Marekani walipofaulu mwaka 1970 kutengeneza uzi wenye usafi unaostahili kazi hiyo, taabu iliyokuwa ikiwashughulisha watu ilikuwa ni nuru kufifia njiani. Taabu ya nguvu za kioo ni ya kale zaidi, na aliyeitegua hakuwa na habari yoyote ya simu za nuru.

Huyo alikuwa Alan Arnold Griffith, mhandisi wa Kiingereza katika kituo cha serikali cha ndege huko Farnborough, ambaye mwaka 1920 alijiuliza kwa nini kioo hukatika kwa nguvu iliyo chini mno ya ile ambayo hesabu ya viungo vya chembe zake ingetarajia. Alivuta nyuzi za kioo moto moto, akazipima, akaona kwamba kadiri uzi ulivyozidi kuwa mwembamba ndivyo nguvu yake kwa kila kipimo cha eneo ilivyozidi kupanda. Jawabu lake lilikuwa kwamba kioo kimejaa nyufa ndogo mno, na kwamba kila ufa huikusanya nguvu yote iliyo jirani na kuielekeza kwenye ncha yake. Muuza nguo anayekupimia bafta analijua jambo hili kwa vidole vyake: wanaume wawili wakiishika bafta nzima na kuivuta hawaichani, lakini yeye huitia mkasi ukingoni kiasi cha ukucha, kisha huipasua toka upande huu hadi upande ule kwa mkono mwepesi. Mkasi haukuipunguzia nguo nyuzi zake ila chache. Kazi yake ni kuipa nguvu mahali pa kuanzia.

Kioo safi ambacho hakijaguswa na kitu, katika kipande kifupi, huvumilia mkazo wa karibu gigapaskali 5, na kwa unene wa uzi wetu hiyo ni nyutoni 60, au kilo 6 za sukari. Walakini mkongo hauhitaji mita moja bali kilomita nyingi, na uzi mrefu una nafasi nyingi za kuwa na ufa mmoja uliozidi mingine. Kwa hiyo kiwandani kila uzi, mita kwa mita, hupitishwa baina ya magurudumu yanayouvuta kwa mkazo wa gigapaskali 0.69, yaani nyutoni 8.5 kwa uzi mmoja, ambazo huurefusha kwa sehemu moja katika mia. Palipo na ufa wenye kina kinachozidi takriban mikroni moja, uzi hukatika papo hapo. Uliopita salama hukubaliwa. Kwa mikongo ya baharini jaribio hilo aghalabu hufanywa mara mbili ya hapo, kwa sababu ambayo itadhihirika mbele.

Wako wanaoliona jaribio hili kama ruhusa: maadamu uzi umevutwa kwa asilimia moja usikatike, basi asilimia moja ndiyo haki yake. Hilo ni kosa, tena kosa lenye gharama. Jaribio hudumu chini ya sekunde moja, na linachothibitisha ni kwamba wakati ule hapakuwa na ufa uliozidi kipimo fulani. Halisemi kwamba nyufa ndogo zilizosalia zitabaki ndogo. Nazo hazibaki. Kioo kivutwapo, viungo vya silikoni na oksijeni vilivyo kwenye ncha ya ufa hutanuka, na chembe ya maji ikifika hapo, hata ile iliyomo katika hewa ya kawaida, hukivunja kiungo kimoja, kisha cha pili, na ufa husonga mbele polepole mno, kwa siku, miezi na miaka, hata siku moja ufikie kina ambacho mvuto uliopo wauweza, ndipo uzi ukatike usiku wa manane pasipo mtu kuugusa. Wazee walituusia kuziba ufa kabla haujatulazimisha kujenga ukuta, lakini ufa wa mikroni moja ndani ya uzi uliozikwa hauzibiki. Linalowezekana ni kuunyima chakula, na chakula chake ni mvuto na unyevu kwa pamoja.

Hesabu ya ukuaji huo ina ukali ambao wengi hawautarajii. Umri wa uzi unaovutwa hupungua kwa mvuto uliopandishwa kwa kipeo ambacho, kwa kioo cha namna hii, huwa karibu 20. Maana yake ni kwamba ukiuongeza mvuto wa kudumu kwa sehemu moja tu katika kumi, umri hupungua karibu mara saba. Uliotazamiwa miaka 35 hugeuka kuwa wa miaka 5. Na ukiupunguza mvuto nusu, umri huongezeka mara milioni moja na zaidi kidogo. Sijui biashara nyingine ambayo hisani ndogo namna hii hulipwa kwa faida kubwa hivi. Kwa ajili ya ukali huo wataalamu wamekubaliana juu ya kanuni nyepesi ya kushika kichwani: mvuto wa sekunde chache usizidi nusu ya ule wa jaribio la kiwandani, wa saa chache usizidi theluthi yake, na wa maisha usizidi humusi yake. Humusi ya asilimia moja ni sehemu mbili katika elfu: katika kila mita ya uzi, mkongo ukishatulia mahali pake, hairuhusiwi kubaki zaidi ya milimita mbili za kurefushwa.

Sasa mtu atauliza, ikiwa uzi mmoja ulijaribiwa kwa nyutoni 8.5 tu, mkongo wenye nyuzi 24 wapata wapi uwezo wa kuvutwa kwa 2,700? Tukizigawanya nguvu hizo kwa nyuzi hizo, kila moja ingepata zaidi ya nyutoni 110, karibu mara mbili ya zinazoweza kuukata hata uzi usio na ila. Jibu ni kwamba nyuzi hazibebi, nazo hazikuumbwa kubeba. Katika kamba ya makumbi kila unyuzi hubeba sehemu yake ya mzigo, na nguvu ya kamba ni jumla ya nguvu zao. Mkongo umejengwa kwa mfano mwingine kabisa, mfano wa machela, ambamo wako wachukuzi na yuko mchukuliwa, na wachukuzi hata wakitokwa jasho vipi, aliyelala juu yake hapasi kuhisi.

Wachukuzi hao ni wa namna mbili au tatu. Katikati aghalabu huwamo fimbo nyembamba ya nyuzi za kioo zilizogandishwa kwa utomvu, au waya wa chuma. Na kuizunguka jumla yote hulazwa nyuzi za manjano za aramidi, jamaa ya kile kitu ambacho Stephanie Kwolek alikigundua mwaka 1965 katika maabara ya DuPont na ambacho watu wengi hukijua kwa fulana za kuzuia risasi. Aramidi haikubali kurefuka. Ngozi nyeusi ya plastiki iliyo nje, kinyume chake, hutanuka kirahisi, zaidi ya mara mia kuliko aramidi, na kwa hiyo fundi anayeifunga kamba ya kuvutia kwenye ngozi pekee, akaziacha zile nyuzi za manjano ndani bila kuzishika, amemwacha mchukuzi nyumbani na kuivuta shuka. Yapasa ngozi ivuliwe, aramidi zikusanywe na kufungwa, au mkongo uvikwe soksi ya waya inayokaza kadiri inavyovutwa. Na baina ya kamba na mkongo pawe na kiungo kinachozunguka chenyewe, ili msokoto wa kamba usiingie ndani.

Naye mchukuliwa amepewa nafasi. Nyuzi hukaa huru ndani ya vijibomba vidogo vilivyojaa mafuta mazito, zikiwa ndefu kidogo kuliko vijibomba vyenyewe, na vijibomba husokotwa kuizunguka fimbo ya katikati; mkongo urefukapo, nyuzi husogea ndani kuelekea katikati na kuitumia ile ziada kabla hazijaanza kuvutwa. Kwa mikongo mingi ziada hiyo hutosha kwa urefukaji wa karibu nusu ya asilimia moja. Ndiyo maana ya zile nyutoni 2,700: ni kipimo ambacho hapo ziada inakaribia kwisha, na ng'ambo yake kila nyutoni iongezwayo huanza kumfikia aliyelala juu ya machela.

Nimewahi kusimama kando ya chemba katika mtaa mmoja wa Dar es Salaam, mwezi wa Novemba, mafundi sita wakiuvuta mkongo kwa mikono kutoka chemba iliyokuwa pembeni mwa barabara ya pili. Ulikuja vizuri kwa mita mia tatu hivi, wakiuitikia kwa sauti moja, kisha ukagoma. Wakavuta, ukagoma. Hatimaye aliyewasimamia akaamuru kamba ifungwe nyuma ya pikapu, dereva akatia gia ya kwanza, na mkongo ukaja, kwanza kwa kushtuka, kisha kwa utaratibu. Hapakuwa na mizani ya kupimia mvuto wala kile kiungo dhaifu ambacho hutiwa makusudi ili kikatike nguvu zikizidi. Kijana mmoja akazikata ncha, akaunganisha kipimo chake cha nuru, akatazama kioo cha mashine, akainua uso kwa furaha.

"Mzee, imekubali! Nyuzi zote zinapitisha."

Fundi mzee aliyekuwa akikunja kamba hakumtazama. "Imekubali leo, mwanangu," akasema.

Mambo mawili yalikuwamo katika maneno hayo, nami nitayaeleza moja moja. La kwanza ni kwa nini mkongo uligoma. Baharia afungapo jahazi gatini huizungusha amari mara tatu kwenye nguzo, kisha huishika ncha yake kwa mkono mmoja, na chombo chenye tani nyingi, kinachosukumwa na upepo na mkondo, hutulia. Amari imekwaruzana na nguzo, na kila pembe inayozungushwa haiongezi nguvu bali huizidisha, kama riba juu ya riba. Leonhard Euler aliliandikia hesabu jambo hili katika karne ya 18: mkwaruzo ukiwa wa kiasi cha 0.3, mizunguko mitatu humfanya baharia ashike kwa mkono sehemu moja tu katika mia mbili na themanini ya nguvu ya chombo. Ile ile neema ya baharia ndiyo nakama ya mvuta mkongo. Kila kona ya digrii 90 ndani ya bomba, mkwaruzo ukiwa 0.25, huuzidisha mvuto mara moja na nusu. Kona nne huuzidisha karibu mara tano. Mafuta ya kulainisha yakiushusha mkwaruzo hadi 0.1, kona zile zile nne hazifiki hata mara mbili. Hivyo dumu moja la mafuta lingefanya kazi iliyotakwa kwa pikapu.

Kuna na upande wa kuanzia. Chukua mkongo wenye uzito wa nyutoni moja kwa kila mita, bomba la mita 1,000 lenye ule mkwaruzo wa 0.25 na kona mbili za digrii 90 zilizokaribiana kwenye ncha yake moja, na rola linalotoa mkongo kwa mvuto wa nyutoni 50. Ukiliweka rola upande wenye kona, zitazidishwa zile 50 peke yake, na mwisho wa safari utavuta kwa nyutoni 360. Ukiliweka upande wa pili, kona zitauzidisha mvuto wote uliokwisha kukusanyika njiani, na utavuta kwa 650 na zaidi. Bomba ni lile lile na jasho ni karibu mara mbili. Wale mafundi walikuwa na kona zao mbele, karibu na chemba ya kuvutia, na hapana aliyewauliza kabla ya kuteremsha rola ni ncha ipi ingefaa.

La pili ni kwa nini kipimo cha nuru hakikuona kitu. Nuru haijali sana uzi kurefushwa. Hulalamika pale uzi unapobanwa au kukunjwa, si unapovutwa sawasawa. Uzi uliorefushwa nusu ya asilimia ukabaki hivyo hupitisha mazungumzo ya mji mzima pasipo hitilafu, ilhali nyufa zake zinakula. Kwa hiyo kipimo ambacho fundi hukitumainia kuliko vyote, kilicho sahihi kabisa kwa kazi yake, hakina macho ya kulitazama jambo hili. Inafaa pia kukumbuka kwamba hata mkunjo ni mvuto: uzi ukipindwa, upande wa nje wa kioo hurefuka, na mpindo wa nusu kipenyo cha sentimita 3 peke yake humaliza zile sehemu mbili katika elfu za haki ya maisha. Anayeuacha mkongo ukiwa umevutwa kidogo na kupindwa kidogo amejumlisha madeni mawili kwa mdaiwa mmoja.

Juu ya nguzo hali ni ile ile kwa sura nyingine. Kamba ya kuanikia nguo haiwezi kunyooshwa kabisa hata ivutwe na nani, na mkongo vivyo hivyo: kadiri unavyoupunguzia kulegea ndivyo mvuto unavyopanda, bila mwisho. Kati ya nguzo mbili zilizoachana mita 50, mkongo wetu wa nyutoni moja kwa mita ukiachwa ulegee nusu mita huvutwa kwa nyutoni 625, nao ni salama. Ukilegea robo mita, mvuto ni 1,250, ambao kwa siku ya kazi si neno, lakini umeipita ile tarakimu ya pili, ya maisha. Ukitaka upendeze macho, ubaki na sentimita 10 tu, umefika 3,100 na ushei, na hapo hata tarakimu ya kwanza imepitwa. Na upepo wa kusi haujavuma bado. Katika njia kubwa za umeme, ambako nyuzi hutiwa ndani ya ule waya wa juu kabisa unaolinda njia dhidi ya radi, wahandisi hukokotoa ulegevu huo kwa makini, wakihesabu joto, upepo na umbali wa nguzo. Vichochoroni, ambako mkongo mwembamba huingia majumbani, hukokotolewa na jicho, na jicho hupenda kilichonyooka.

Lakini ni bahari iliyowafundisha watu elimu hii kwanza, kabla kioo hakijafikiriwa. Mwezi Agosti 1857 meli ya Niagara, ikiutandaza kutoka Ireland waya wa kwanza wa telegrafu wa kuvuka Atlantiki, iliupoteza vilindini baada ya mamia ya maili, kwa sababu breki ilikazwa wakati mawimbi yalipoinua tezi ya meli. Tarehe 2 Agosti 1865 Great Eastern nayo ilikatikiwa na waya wake ilipokuwa ikiurudisha ndani ili kuutengeneza, kisha mwaka uliofuata ikautandaza mwingine, ikarudi kuuopoa ule wa kwanza kwa ndoana kutoka kina cha zaidi ya kilomita 3. Waya kama hizo zilifika Zanzibar mwaka 1879 kutoka Aden, na kuendelea kusini hadi Durban. Na miaka 130 baadaye pwani yetu ikapata ile ya kioo, SEACOM na TEAMS mwaka 2009, EASSy mwaka 2010.

Tuseme mkongo wa baharini una uzito wa robo kilo kwa mita ukiwa majini. Penye kina cha mita 4,000, meli imebeba tani nzima ya mkongo unaoning'inia, kabla ya kuhesabu mawimbi yanayoinua na kushusha. Wakati wa kuopoa ni vibaya zaidi, maana mkongo uliolala chini hauna ziada ya kuufikisha juu ukiwa mzima. Kwa hiyo meli ya matengenezo hulazimika kuukata kule chini kwa ndoana yenye makali kabla ya kuupandisha, upande mmoja baada ya mwingine. Kwa sababu hiyo Shirika la Kimataifa la Mawasiliano limeuwekea mkongo wa baharini mipaka mitatu badala ya miwili: mmoja wa kitambo kidogo, kwa jumla ya saa moja hivi, kwa misukosuko ya kuopoa, mmoja wa kazi, kwa saa 48 za matengenezo, na mmoja wa kudumu, kwa mvuto unaobaki mkongo ukishalala. Huu naona ni uandishi wa kweli wa jambo lenyewe. Laiti karatasi za mikongo ya nchi kavu zingeandikwa hivyo, fundi angeona wazi kwamba anapewa saa, si nguvu tu.

Hakuna mpaka wa mvuto utakaoishinda nanga, bila shaka. Mwezi Februari 2012 meli iliyokuwa ikingoja zamu yake nje ya bandari ya Mombasa iliteremsha nanga mahali isipopaswa, ikaukata mkongo wa TEAMS, na nchi kadhaa zikapunguziwa mawasiliano kwa majuma. Karibu na pwani mkongo huvikwa nyaya za chuma safu juu ya safu, lakini deraya hizo huuongezea uzito, na mkongo mzito haufai kutandazwa vilindini kwa kuwa uzito wake wenyewe ungeuzidishia mvuto. Hivyo mkongo ule ule, kadiri unavyoiacha pwani, huvuliwa deraya moja moja hadi ubakie mwembamba kama kidole gumba.

Je, mvuto uliobaki ndani ya mkongo uliokwisha kuzikwa waweza kujulikana? Waweza. Nuru ipitayo katika kioo hurudishwa kidogo na mitetemo ya kioo chenyewe, jambo ambalo Léon Brillouin wa Ufaransa alilitabiri mwaka 1922, na nuru hiyo inayorudi hubadilika mlio wake, kama uzi wa udi unavyopanda sauti unapokazwa. Uzi ukirefuka kwa asilimia moja, badiliko hilo ni la megahezi 500 hivi, na mashine huweza kusema ni katika mita ipi ya kilomita nyingi kioo kimekazwa. Mashine hizo zipo, lakini ni ghali, na mikoba ya mafundi wengi haina.

Masika ya mwaka wa tatu baada ya siku ile ya pikapu, nyuzi mbili za mkongo ule zilikatika baina ya zile chemba mbili, usiku, pasipo mtu kuchimba wala gari kupita. Haikuwezekana kuthibitisha sababu. Nilipoomba kutazama karatasi za kazi, zililetwa zikiwa nadhifu: hasara ya nuru ya kila kiungo kwa desimali mbili, urefu wa kila kipande, tarehe, saini ya aliyeunga na ya aliyekagua. Palikuwa na safu moja ya mvuto wa juu kabisa uliopimwa wakati wa kuvuta, na ndani yake, kutoka juu hadi chini, paliandikwa kistari.